Mwalimu wa Kiti cha Kwanza

Alizaliwa wapi sijui, na babake alikuwa nani sikuwahi kuuliza. Ninachojua ni mahali alipokaa kwenye basi. Alikaa nyuma yangu, kiti cha kwanza, upande wa dirisha, na kwa miaka kumi na moja kisogo changu kilimjua kuliko mtu mwingine yeyote hapa Riyadh. Akipiga chafya, mimi ndiye nilikuwa wa kwanza kupata habari.

Mimi ni dereva wa shule. Shule yenyewe ni ya Wahindi, ya kulipia, iko Malaz, na ina tawi lingine Jeddah. Asubuhi nachukua walimu nyumba kwa nyumba, mchana nawarudisha. Mimi shule niliiachia kidato cha pili kule Kakamega, hesabu ikinifukuza kwa nyuma kama mbwa wa jirani. Halafu Mungu, ambaye naona anapenda mzaha, akanivusha mpaka Saudia nije niendeshe basi la walimu.

Huyu wangu alifundisha hesabu. Basi zima lilikuwa la walimu, lakini ukisema Mwalimu pale getini, mlinzi alijua unamtaka nani. Alikuwa mfupi, miwani mizito, na alitembea na mwavuli katika mji ambao mvua inakuja kama mgeni wa harusi, siku moja, na wote wanatoka nje kumwangalia. Mwavuli ulikuwa wa kivuli, wa kuonyeshea ubaoni, na wa kunigonga begani nikipitia njia asiyoipenda. Mfukoni alikuwa na chaki, ingawa shule ilishatupa mbao za chaki zamani. Nilimuuliza ya nini.

"Siku umeme ukikatika," akasema, "nani ataandika?"

Umeme haukukatika hata siku moja miaka hiyo yote. Chaki ilikuwa tayari.

Kitu kilichonimaliza nguvu ni Kiswahili chake. Kabla ya kuja huku alifundisha Tabora miaka mingi, na Kiswahili alichotoka nacho huko kilikuwa kimepigwa pasi. Changu kilikuwa kile cha stendi. Siku ya kwanza nilimwambia, "Mzee, dandia tuhepe." Akanitazama juu ya miwani.

"Ndugu dereva, nitapanda. Lakini kwani tumeiba nini?"

Tangu hapo nikawa nachunga mdomo wangu mbele ya Mhindi. Nilipowasimulia jamaa ninaoishi nao Manfuha, Wakenya watano chumba kimoja, walicheka mpaka mmoja akaanguka kitandani kwangu na kukivunja.

Sasa nieleze ile orodha, manake bila orodha huyu mtu hamtamuelewa.

Katika shule yetu kuna orodha ya ukubwa. Si ukubwa wa umri, na wala si wa akili. Ni nani aliingia kazini kabla ya nani. Orodha ndiyo inaamua nani anamiminiwa chai kwanza, nani anachagua vipindi vya asubuhi kabla joto halijapanda, nani anaomba likizo kabla ya mwenzake. Na inaamua nani anakaa wapi kwenye basi. Basi langu lilikuwa orodha yenye magurudumu. Mgeni anaanzia nyuma kabisa, pale kiti kinaporuka kila tuta, na mtu akirudi kwao India, wote wanasonga mbele kiti kimoja. Nimeona mwanamume mwenye digrii mbili akipiga simu kwao kutangaza kwamba amefika kiti cha nne.

Kiti cha kwanza kilikuwa na Mwalimu, na cha pili, mkabala, ng'ambo ya njia, kilikuwa na adui yake. Naye pia alikuwa wa hesabu, mrefu, mwenye masharubu yaliyopakwa rangi nyeusi hadi yakang'aa. Nitamwita Masharubu. Hawa wawili walifika Riyadh ndege moja, siku moja, na aliyewachukua uwanja wa ndege ni mimi, nikiwa na wiki ya tatu kazini. Tulipofika getini, Mwalimu alishuka wa kwanza. Lakini chini ya kiti alikuwa na sufuria ya presha imefungwa kamba kama mbuzi wa sokoni, na kamba ikanasa. Tukawa mimi na yeye tunavutana na sufuria, huku Masharubu akishuka taratibu, akatupita, akaingia ofisini, akatia sahihi kwenye rejista ya kuripoti.

Kwa hivyo Mwalimu alikanyaga shule wa kwanza, Masharubu akasaini wa kwanza. Wewe amua. Wao hawakuweza kwa miaka kumi na moja. Wakati huo wakongwe wote walikuja na magari yao, basi lilikuwa jipya halina mwenye kiti, nami nilikuwa mgeni nisiyejua lolote, kwa hivyo Mwalimu alikaa tu kiti cha kwanza keshoye asubuhi, Masharubu akakuta kimekaliwa, vita vikaanzia hapo.

"Jeshini anahesabiwa aliyesaini," Masharubu alikuwa anasema, safari nzima, akizungumza na dirisha lake.

"Jeshini," Mwalimu alikuwa anamjibu kupitia dirisha lake, "anahesabiwa aliyefika vitani."

Walizozana kwa lugha yao, halafu kwa Kiingereza ili wengine wasikie, halafu Mwalimu ananigeukia kunitafsiria kwa Kiswahili cha pasi ili nisikose kitu. Nilikuwa nimeanza kuelewa hata kabla ya tafsiri.

Na bado. Masharubu alipolazwa kwa mawe ya figo, aliyebeba vipindi vyake vyote mwezi mzima ni Mwalimu, bila kuombwa. Kila jioni nilimshusha hospitali na mkebe wa chakula. Siku moja nilimfuata wodini nikamkuta amekaa kando ya kitanda anamlisha uji wa wali kwa kijiko, na mgonjwa, sauti imekwisha, anasema, "Nilisaini. Nilisaini mimi." Mwalimu anampangusa masharubu na kumwambia, "Meza kwanza."

Mkebe wake wa chakula ulikuwa wa ghorofa tatu. Mtu anayepigania nafasi ya kwanza kwa kila kitu, ungetegemea ale kwanza. Lakini ghorofa ya juu, wali wa limau na karanga, ilikuwa yangu kila siku, na alinipa kabla hajafungua yake. Nilimuuliza kwenye orodha yake mimi niko wapi.

"Wewe si wa kwenye orodha. Wewe ndiwe unayeibeba. Kula."

Wakati tukisubiri walimu wengine wamalize vipindi, alinifundisha hesabu. Nilimwonya kwamba kule kwetu walimu wanne walijaribu na mmoja akahamia kilimo. Nilimwambia herufi x ndiyo ilinitoa shuleni, manake hakuna aliyewahi kuniambia ni nani. Akafikiri, akafungua daftari langu la safari, lile ninaloandika nani amepanda na nani ameshuka.

"X ni abiria ambaye bado hajapanda," akasema. "Unajua viti vyote. Unajua waliokaa. Anayebaki, kiti chake ndicho jina lake."

Nikiwa na miaka thelathini na minane, ndani ya basi lililoegeshwa, nikaelewa x. Nilitamani kumpigia mtu simu Kakamega, nikakosa wa kumpigia.

Ungedhani habari ya orodha ni kiburi tu. Mimi pia nilidhani, mpaka nilipomjua mkewe. Alikuwa nesi katika hospitali moja hapa Riyadh, na wote tulimwita Sista. Yeye ndiye alitangulia kuja Saudia. Miaka sita ya mwanzo ya ndoa yao, mke yuko Riyadh wodini, mume yuko Tabora ubaoni, wanaonana likizo. Mwalimu aliiacha Tabora aje wakae pamoja, vyumba viwili, ghorofa ya tatu, Malaz. Na kule shuleni, kila mara Jeddah walipohitaji mtu, aliyepelekwa ni wa mwisho kwenye orodha. Ilitokea mara mbili, wote tukaona. Jeddah ni safari ya kutwa nzima. Mkataba wa Sista na hospitali yake ulikuwa wa Riyadh. Kafili wake, mwajiri anayeshika kibali chake, alishamwambia kuhama mafi, hakuna.

"Ndugu dereva," Mwalimu aliniambia siku moja bila hata kutumia mwavuli, "mimi nimewahi kuoa simu. Sitaki kuoa simu mara ya pili."

Kumbe kile kiti cha kwanza kilikuwa ukuta wake. Jeddah ilikuwa inakuja kutokea kiti cha nyuma, na yeye alikaa mbali nayo kadiri iwezekanavyo.

Basi, mwaka jana familia nyingi za wageni zikarudi makwao, madarasa yakapungua, na uvumi ukaanzia viti vya nyuma. Ulipofika mbele ulikuwa umekamilika: mwalimu mmoja wa hesabu anahamishiwa Jeddah. Walimu wa hesabu walikuwa wamebaki wale wawili.

Tuliitwa watatu, wao wawili na mimi niliyewaleta, kwa meneja wa shule, ambaye tulimwita mudiri, Msaudi mpole aliyependa maneno mafupi. Barua kutoka Jeddah ilikuwa mezani mbele yake. Akauliza nani alifika kwanza. Mikono miwili ikapanda pamoja, kama darasa la watoto. Masharubu akataja rejista. Ndipo Mwalimu akafungua mkoba, akatoa kitu kimefungwa kwenye mifuko mitatu ya plastiki, akakivua polepole. Kilikuwa daftari langu la safari la mwaka ule. Aliliomba likijaa, nikampa nikidhani anataka karatasi za kufungia vitafunio, kumbe alilihifadhi kama cheti cha ndoa.

Nikaambiwa nisome. Mwandiko wangu, Mungu anisamehe, ulikuwa kama kuku amepita na haraka zake. Nikasoma: "Watu wawili kutoka eapoti. Wa miwani ameshuka kwanza. Wa masharubu baadaye. Sufuria moja."

"Hii ni yako?" mudiri akauliza.

"Yangu, bosi."

"Na sufuria?"

"Sufuria ni ya wa miwani."

Nilijisikia kama jaji. Sikuwahi kusikilizwa hivyo na watu wa shule mpaka siku ile. Mudiri akafunga daftari. "Halas. Wa miwani ni mkubwa." Mwalimu akavua miwani akaifuta, na alipoivaa tena alikuwa na uso wa mtu aliyefika nyumbani. Akampa Masharubu mkono. Masharubu akaupokea kiungwana.

"Mabruk," mudiri akasema, akiinua ile barua. "Jeddah wanataka kiongozi wa idara ya hesabu. Wameandika watumiwe aliye mkubwa kuliko wote."

Ile barua ilikuwa mezani muda wote, inasomeka hata kwa kichwa chini, na watu wawili waliosoma mpaka vyuo vikuu, pamoja nami niliyeishia kidato cha pili, hakuna aliyefikiria kuuliza imeandikwa nini. Tulijua. Wa mwisho ndiye huhamishwa. Kila mtu alijua.

Kesho yake asubuhi basi lilichelewa kwa sababu mlango haukufungika. Masharubu alikuwa ameinama pembeni, ameshika mlango kwa mikono miwili.

"Tangulia, mkubwa wangu."

"Hapana, hapana. Wewe ulisaini."

"Sahihi ni wino tu. Wewe ulikanyaga."

"Nilikanyaga kwa bahati mbaya."

"Kaka yangu mkubwa, watoto wanakungoja. Kiti chako kile."

Mwalimu akapanda, akapita kiti cha kwanza bila kukitazama, akaenda kukaa nyuma kabisa, pale panaporuka kila tuta. Alikaa huko wiki nzima. Kila tuta nilimwona kwenye kioo akiruka na mwavuli wake. Vijana wa nyuma walihangaika hawajui wakae wapi, orodha yote ikavurugika, mmoja akasimama mpaka shuleni.

Mwisho akaja mbele tukiwa wawili. "Ndugu dereva, hebu kumbuka vizuri. Jua lilikuwa kali. Huenda ni yeye alishuka kwanza."

Nikamwambia kusahau hakunishindi, elimu yangu yote nimeisahau. Nikaenda kwa mudiri.

"Bosi, ile siku nilikuwa mgeni. Inawezekana wa masharubu alishuka kwanza."

"Na sufuria unaikumbuka?"

"Sufuria naikumbuka, bosi."

"Yalla. Kazi."

Siku ya kuondoka, Masharubu mwenyewe ndiye alimbebea ile sufuria ya presha mpaka stendi ya mabasi, na mkono wake mwingine alikuwa na kitambaa anachojifuta nacho, eti vumbi. Mwalimu alipanda bila kugombea kiti. Sista hakulia. Alinisogelea, akaniambia kwa Kiarabu chake cha wodini, "Wewe na daftari lako," kisha akaenda zamu. Nimewahi kutukanwa na polisi wa trafiki wa nchi mbili na sikuumia kama siku ile.

Sasa kitu cha ajabu. Kiti cha kwanza kilikuwa haki ya Masharubu. Hakukikalia. Siku ya kwanza aliweka mkoba wake hapo, na kijana mmoja alipotaka kukaa akamwambia, "Kuna mtu." Mwaka mzima nikaendesha na kiti kitupu nyuma ya kisogo changu.

Mwalimu alinipigia kila Alhamisi mchana. Hakulalamika. Alinieleza mambo kwa nambari. Jeddah joto sawa, unyevu mara mbili. Sista amemwona mara nne. Halafu akaniambia siri: Jeddah wana rejista yao wenyewe ya kuripoti, na orodha ya tawi inafuata rejista ile. Yeye alikuwa hajaisaini.

"Miezi minane, Mwalimu?"

"Kwanza kalamu haikuwa nzuri. Halafu miwani ilikuwa kwa fundi. Halafu kidole."

"Kidole kilifanya nini?"

"Kilikuwa kinaniuma ofisi ya karani ikifunguliwa."

Sikuelewa mpango wake. Mwaka huu mtoto wa mwisho wa Masharubu akamaliza shule, familia ikafunga mizigo ikarudi India moja kwa moja, na Riyadh ikabaki bila mwalimu wa hesabu. Barua ikaandikwa kwenda Jeddah. Mwalimu akanipigia siku isiyo Alhamisi.

"Safari hii nimeisoma barua mpaka mhuri. Wanamtaka mwalimu wa hesabu aliye wa mwisho kwenye orodha ya Jeddah."

Wiki ile ile nilipeleka wanafunzi Jeddah kwenye mashindano ya hesabu. Nimefika tu, nikaombwa niende na basi uwanja wa ndege kumchukua mwalimu mpya wa hesabu kutoka India. Mwalimu alikuwa ameshapanda, mwavuli magotini. Alikuwa amekonda, na mashati yake yalikuwa yamepigwa pasi na mtu asiyejua. Akaniambia twende.

Mgeni alikuwa kijana mwoga, sanduku moja. Mwalimu alimbebea lile sanduku. Alimfungulia mlango. Tulipofika shuleni alimzuia kijana kwa mkono asimpishe mzee, akamshusha mbele yake kama anashusha yai, akamtanguliza kwenye milango yote mpaka ofisi ya karani, akamvulia kifuniko cha kalamu. Kijana alinitazama, macho yanauliza kama nchi hii wote wana adabu hivi. Akasaini. Mwalimu akasubiri wino ukauke. Akapuliza. Kisha akachukua kalamu, na kwa kidole ambacho hakikuwa na maumivu yoyote, akasaini chini yake.

Karani, aliyemsumbua kwa ile sahihi miezi yote, aliweka kikombe chake chini. "Leo umepona?"

"Leo nimekuwa wa mwisho," Mwalimu akamjibu.

Tuliondoka Jeddah asubuhi, barua ya uhamisho ikiwa mfukoni mwake pamoja na chaki. Nikamwambia kiti chake kiko, hakijakaliwa. Akakigusa tu mgongo kwa kiganja, akaenda nyuma. Huko Riyadh angeanza upya mkiani, nami nikamuuliza kwa sauti katikati ya wanafunzi, wakimhamisha tena je.

"Mkataba wa Sista unaisha mwakani, turudi kwetu pamoja. Mwaka mmoja, ndugu dereva, nitaukaa hata juu ya paa. Andika."

"Niandike nini?"

"Mimi nimepanda wa mwisho. Sitaki ubishi."

Nikaandika. Tukaenda, jangwa upande huu, jangwa upande ule, yeye anaruka kila tuta, sufuria yake ya presha miguuni imefungwa kamba. Jua likielekea magharibi tukaingia Malaz. Kabla sijasimama vizuri nikamwona Sista amesimama kando ya barabara, bado na viatu vya wodini. Nikasikia kelele nyuma. Kwenye kioo nilimwona Mwalimu anakuja mbele, anaruka mikoba, anasukuma vijana kwa mwavuli, "Pisha, pisha, pisha," na sufuria ameiacha kule kule.

Daftari la siku ile liko hapa nami, na safari hii mwandiko unasomeka: Wa miwani amepanda wa mwisho. Ameshuka wa kwanza. Sufuria nimempelekea mimi.